Kozi ya Kiingereza umemaliza, lakini ni nani aliwahi kukusikiliza ukiongea?

Ukishuka matatu pale Kayole Junction, au ukikata kona kuingia soko la Mutindwa kule Umoja, hutatembea sana kabla ya kukutana na bango. Limebandikwa kwenye mlingoti wa stima, katikati ya tangazo la mganga wa mapenzi na lile la kuuza ploti Joska. Linasema jifunze Kiingereza, fanya mtihani, uende ng'ambo. Chini kuna namba ya simu. Wiki sita, wiki nane, inategemea bango.

Ukikaa chini ufikirie, hili ni jambo la ajabu kidogo. Wanaopiga hizo namba si watu wasiojua Kimombo. Ni vijana waliozaliwa hapa Nairobi, wakasoma Buruburu, Jericho, Dandora, wakafanya KCSE kwa Kiingereza, na wengine wana diploma ya uuguzi ama ya hoteli. Katiba ya 2010, Kifungu cha 7, inasema Kiingereza ni lugha rasmi ya nchi hii pamoja na Kiswahili. Halafu mtu huyo huyo anatafuta doo za kozi ya kiwango cha kati, na akimaliza anatafuta zingine zaidi ya Sh20,000 za mtihani wa IELTS, ambao unachukua saa 2 na dakika 45 kwa jumla. Akikosa alama anazotaka, pesa hazirudi. Anarudi mtaani kuanza kuchanga upya, na mara nyingi zile za kwanza zilikuwa za chama cha mathee ama mkopo wa simu.

Mambo yamekuwa magumu zaidi tangu Januari. Kuanzia tarehe 8 Januari 2026, Uingereza imepandisha kiwango cha Kiingereza kwa wanaoomba viza ya kazi za ujuzi kwa mara ya kwanza, kutoka B1 hadi B2. Kwa wasiozijua herufi hizi, ni vipimo vilivyotolewa na Baraza la Ulaya mwaka 2001: A ni wanaoanza, B ni wa katikati, C ni waliobobea, na kila herufi ina ngazi mbili. B1 na B2 zote ni za katikati, kwa hivyo kwa masikio ya mtaa mabadiliko hayo yanasikika madogo. Si madogo. Kwa IELTS ya viza, B1 ilimaanisha bendi 4.0. B2 ni 5.5. Na si wastani, ni 5.5 katika kila sehemu kati ya zile nne: kusikiliza, kusoma, kuandika na kuzungumza.

Kabla ya hapo kulikuwa na pigo lingine. Tarehe 22 Julai 2025 Uingereza ilifunga mlango wa kuajiri wahudumu wa kutunza wazee moja kwa moja kutoka nje. Hiyo ndiyo njia ambayo vijana wengi wa mitaa yetu walikuwa wakiilenga, kwa sababu haikutaka digrii na B1 ilitosha. Kuna watu walikuwa katikati ya kozi. Waliobaki na ndoto ya kwenda huko sasa wanatazama uuguzi na kazi zingine za ujuzi, na huko ngazi ya Kiingereza imesogezwa juu.

Ndiyo maana swali la mtihani wa kumaliza kozi si la walimu peke yao. Ni la pesa. Koleji ya mtaani ikikwambia umefaulu ilhali hukuwa tayari, anayelipia kosa hilo ni wewe.

Turudi nyuma kidogo. Julai 2021, Kenya na Uingereza zilitia saini makubaliano ya wauguzi wetu kwenda kufanya kazi katika hospitali za kule. Mwishoni mwa mwaka huo, Waziri wa Afya wakati huo, Mutahi Kagwe, akatoa habari iliyozunguka dunia: kati ya wauguzi 300 waliofanya mtihani wa Kiingereza, waliopita walikuwa 10. Mtandaoni watu walicheka siku nzima. Wengine wakasema wauguzi wetu hawajui lugha. Lakini hawa ni watu waliosomea kazi yao kwa Kiingereza kuanzia kitabu cha kwanza hadi mtihani wa leseni. Kila siku wodini wanaandika ripoti za wagonjwa kwa Kiingereza, na mgonjwa anapewa dawa sawasawa. Sasa walianguka nini?

Kwanza, mtihani wenyewe haukuwa rahisi vile ulivyosemwa. Baraza la Wauguzi na Wakunga la Uingereza, NMC, linataka bendi 7 katika kusikiliza, kusoma na kuzungumza, na 6.5 katika kuandika. Ukiangalia jedwali la vipimo, B2 inaishia kwenye 6.5. Bendi 7 tayari ni C1, yaani umetoka katikati umeingia kwa waliobobea. Hapa ndipo vijana wengi wanachanganyikiwa: muuguzi anayemaliza kozi ya kiwango cha kati, hata akiimaliza vizuri kabisa, bado hajafika anakoenda. Amefika kituo cha kabla ya chake. Viza inamtaka B2, lakini leseni ya kazi inamtaka zaidi, na koleji nyingi hazimwambii tofauti hiyo siku anayolipa.

Pili, ni mtihani wenye tabia zake. Kwenye kusikiliza, sauti inachezwa mara moja tu. Hakuna kurudia. Na wanaoongea si Wakenya. Ni Waingereza, Waaustralia, Wamarekani, Wakanada, kila mmoja na lafudhi yake. Wakisema jibu lisizidi maneno mawili, ukiandika matatu umekosa hata kama ulisikia kila kitu. Ukikosea herufi za neno, umekosa pia. Kwenye kusoma kuna yale maswali yanayokuuliza kama jambo ni kweli, si kweli, au halikutajwa. Hilo la tatu limeangusha watu wazima. Sisi tumezoea kujibu kwa kile tunachokijua, ilhali pale unaulizwa kilichoandikwa kwenye ukurasa ule na si kingine. Kwenye kuandika, una dakika 60 za kazi mbili, moja ya maneno 150 na nyingine ya maneno 250, na hiyo ya pili ina uzito mara mbili. Mtu anakaa dakika 35 akipamba ile ya kwanza, halafu ile yenye alama inapata mabaki.

Kuzungumza ndiko ningependa tukae kidogo.

Sehemu hiyo huchukua dakika 11 hadi 14. Unakaa na mtahini ana kwa ana, kila kitu kinarekodiwa. Anaanza na maswali ya nyumbani na kazi. Kisha anakupa kadi yenye mada, unapewa dakika moja ya kujipanga, halafu unaongea peke yako hadi dakika mbili. Mwishoni mnajadiliana, anakuuliza kwa nini, ingekuwaje kama, unadhani miaka ijayo itakuwaje. Anapima mambo manne kwa uzito sawa: mtiririko, msamiati, sarufi na matamshi. Lafudhi ya Kikenya si kosa, mradi unaeleweka. Wale wanaojifunza kuvuta ulimi kama mtangazaji wa redio ya mjini wanapoteza muda.

Sasa jiulize: tangu chekechea hadi Kidato cha Nne, ni lini mtu yeyote alikupa alama kwa kuongea Kiingereza dakika mbili mfululizo?

Angalia KCSE. Kiingereza kina karatasi tatu, jumla alama 200. Ya kwanza ina alama 60, na nusu yake, alama 30, ni za stadi za kuzungumza. Wee, si hiyo ni nzuri? Ngoja. Hizo alama 30 zinajibiwa kwa kalamu. Unaandika herufi gani haitamkwi katika neno fulani. Unaandika ungefanya nini ili hadhira ikusikilize. Unaandika jinsi ambavyo ungesoma shairi kwa sauti. Umepata 27 kati ya 30 za kuzungumza na hukufungua mdomo hata mara moja, labda kupiga miayo.

Na si kwamba Baraza la Mitihani, KNEC, halijui kupima mdomo. Mtahiniwa wa Kifaransa ama Kijerumani katika KCSE hukaa mbele ya mtahini na kuongea, na pia hupimwa kusikiliza. Mitihani hiyo ya mdomo hufanywa kabla ya karatasi za kawaida, pamoja na ile ya Kiarabu. Kwa hivyo mwanafunzi mmoja wa Nairobi anaweza kumaliza shule akiwa amesikilizwa rasmi akiongea Kijerumani na hajawahi kusikilizwa rasmi akiongea Kiingereza. Najua sababu moja kubwa: wa Kijerumani ni wachache, wa Kiingereza ni kila mtu aliye kwenye chumba, na watahini wa mdomo wa idadi hiyo ni gharama. Sababu ninaielewa. Lakini matokeo yake yanatupata huku chini, kijana akiwa na miaka 24 na kadi ya mada mkononi, saa inahesabu, na maneno yamekauka sekunde ya 40.

Mtaala mpya wa CBC umeweka kusikiliza na kuzungumza kuwa mada kamili katika somo la Kiingereza, si pambo. Ni hatua. Tutajua ukweli wake siku alama ya mdomo itakapoamua mtu anaenda shule gani.

Kila matokeo yakitoka mabaya, anatafutwa wa kulaumiwa, na mshukiwa wa kwanza ni Sheng. Eastlands ndiyo nyumbani kwa Sheng, kwa hivyo lawama inatufikia na anwani kamili. Mimi sikubali, angalau si hivyo inavyosemwa. Kijana wa Kaloleni anayeongea Kiswahili cha heshima na shosho, Sheng kwenye base na Kiingereza kwenye mahojiano ya kazi anafanya kazi ngumu ya kichwa bila kutoa jasho. Huyo hajaharibiwa lugha. Ana tatu.

Ila kuna jambo moja la kweli ndani ya ile lawama, na tusilikimbie. Mtaani ukikwama neno la Kiingereza katikati ya sentensi, unachomoa la Kiswahili au la Sheng, stori inaendelea, hakuna aliyegundua. Mbele ya mtahini hakuna pa kuchomoa. Ukikosa neno, lazima ulizunguke kwa Kiingereza hicho hicho: huna neno la "mwiko" wa kusonga ugali, basi sema ni kile kijiti kipana cha mbao cha kugeuzia chakula. Ufundi huo wa kuzunguka neno ndio unaompa mtu wa 5.0 ile nusu bendi ya kufika 5.5, na haufundishwi na vitabu vya sarufi. Unakuja kwa kuongea na kukwama mbele ya mtu anayekusubiri.

Shule zetu zilifanya kinyume. Wengi tunaikumbuka ile disk, kipande cha mbao ama mfupa ulichovishwa shingoni ukisikika ukiongea lugha ya mama au Sheng siku ya Kiingereza. Jioni aliyebaki nayo alichapwa. Tuliopitia hapo hatukujifunza kuongea Kiingereza kingi. Tulijifunza kunyamaza. Siku ya Kiingereza uwanja wa shule ulikuwa mtulivu kama kanisa Jumatatu.

Basi turudi kwa zile koleji za bango, kwa sababu ndizo zilizo karibu na wewe na ndizo unazoweza kuzibana leo. Nyingi hufunga kozi kwa mtihani wa karatasi moja: sarufi, ufahamu, insha. Unapata asilimia 78, unapigwa picha na cheti, picha inawekwa Facebook. Cheti hicho hakikubaliwi na ubalozi wowote, hakuna mwajiri wa ng'ambo anayekiuliza. Faida yake pekee ingekuwa kukuambia ukweli kuhusu mahali ulipo kabla hujatoa pesa za mtihani wenyewe, na hiyo faida ndiyo inayokosekana.

Chukua mfano wa dada aliyemaliza kozi. Majaribio yake: kusikiliza 6.5, kusoma 6.0, kuzungumza 6.5, kuandika 5.0. Koleji inajumlisha, inagawanya kwa nne, inampa 6.0 na kumpongeza kwa kupita 5.5. Akienda na hizo alama kwenye viza anakataliwa, maana kuandika kumebaki chini. Mtihani wa haki wa kumaliza kozi ungemwonyesha alama nne peke yake, bila wastani, na kumwambia arudi wiki tatu afanye kuandika tu. Ungecheza sauti mara moja na kuizima. Ungempeleka kwa mwalimu ambaye hajawahi kumfunza, kwa sababu mwalimu wako amezoea makosa yako na anakumalizia sentensi bila kujua. Na ungekuwa tayari kumwambia mtu aliyelipa ada yote kwamba bado. Hapo ndipo biashara inapogongana na elimu. Koleji inayosema "bado" mara nyingi, bango lake linaanza kukosa wateja.

Nimalize na mitego miwili, kwa sababu watu wanaendelea kuingia.

Wa kwanza ni kufanya mtihani usio wako. IELTS ya kawaida na IELTS ya viza ya Uingereza zina maswali ya aina moja, lakini unapojisajili ni vitu viwili tofauti, na kwa viza ya kazi wanataka ile ya viza. Duolingo ni nafuu, chini ya dola 100, unafanyia nyumbani, na vyuo vikuu vingi duniani vinaikubali. Kwa viza hiyo ya kazi haikubaliki. Usianze na mtihani. Anza na barua ya kule unakokwenda, usome wanataka nini, kisha urudi kwa mtihani. Na kama una digrii iliyofundishwa kwa Kiingereza, uliza kwanza kuhusu Ecctis, shirika linalothibitisha digrii za nje kwa ajili ya viza za Uingereza. Huenda viza isihitaji mtihani kabisa. Mwenye diploma hana njia hiyo, na mitaani kwetu wenye diploma ndio wengi. Raia wa Jamaika, Belize na Malta hawaulizwi mtihani kwa sababu nchi zao ziko kwenye orodha ya wanaoongea Kiingereza. Katika orodha hiyo hakuna hata nchi moja ya Afrika. Mwaka 2021 vijana wa Nigeria walianzisha kampeni kulipinga jambo hili, na sijaona sababu ya sisi kukaa kimya.

Mtego wa pili ni yule jamaa wa Telegram anayeuza cheti cha IELTS bila kukaa mtihani. Vyuo na mashirika hukagua matokeo mtandaoni, moja kwa moja na wenye mtihani. Na hata udanganyifu ukipita leo, unaweza kufuatwa baadaye. Mwaka 2014 kipindi cha Panorama cha BBC kilifichua vituo vya London ambako watu wengine walikaliwa mtihani wa TOEIC na wengine wakasomewa majibu kwa sauti. Serikali ikafuta viza za maelfu kwa maelfu ya wanafunzi, na humo ndani walikuwemo waliofanya mtihani wao kwa haki na wakahangaika mahakamani miaka mingi kujisafisha.

Kwa aliye na kozi inayoisha mwezi huu na hana pesa ya kozi nyingine: maktaba za Kaloleni na Makadara, zilizokarabatiwa na Book Bunk pamoja na kaunti, ziko hapa hapa Eastlands, na maswali ya majaribio yako bure kwenye tovuti za wenye mtihani. Tafuteni watu watatu. Mmoja ashike kadi, mmoja ashike simu na kurekodi, mmoja ahesabu dakika mbili. Ukisikiliza ile rekodi utachukia sauti yako, kila mtu huchukia yake. Andika mahali uliponyamaza na neno ulilokuwa ukilitafuta. Rudia kesho na kadi nyingine. Na kabla ya kulipia tarehe, kumbuka matokeo ya IELTS hutumika miaka miwili tu, kwa hivyo usiharakie mtihani ilhali barua ya kazi bado iko kwa mdomo wa ajenti.

Ukiwa bado unatafuta koleji, usianze kwa kuuliza ada. Uliza nani atakusikiliza siku ya mwisho, kwa dakika ngapi, na kama utapewa alama nne ama moja.